Hata Mkisikia kwa Mdomo Wangu

Jumapili, 2 Machi

Mvua imeanza leo, na uchaguzi nao umeanza. Kaka ameingia dukani kwangu akiwa ameloa chapachapa, amekumbatia jora la kitambaa cha manjano ambalo halikuguswa na tone hata moja. Koti lake ndilo lililofunika kitambaa. Kikohozi kitakachofuata atakiuguza Wifi.

"Nishonee bendera, mdogo wangu," amesema. "Safari hii tunaingia."

Kwake kila safari ni hii. Alifukuzwa kiwanda cha sabuni kwa kuongoza mgomo, akaingia chama cha Taa, na tangu hapo amegombea ubunge mara nne na kuanguka mara nne. Wifi husema ameolewa uke wenza na chama, na bi mdogo ndiye anayependwa. Mimi ni fundi cherehani, mjane, naishi na Mama nyuma ya duka. Bendera zote za Taa za mji huu zimepita chini ya sindano yangu. Siasa yenyewe siipendi. Inanikosesha utulivu, kisha ikiisha naikosa.

Jumatano, 5 Machi

Mvua. Sindano imekatika mara mbili.

Jumamosi, 8 Machi

Mkutano wa kwanza, uwanja wa shule. Mama kakaa mbele kabisa na wazee wenzake wa mtaani, miguu yake iliyovimba kaiweka juu ya tofali. Hajui kusoma, lakini ndiye mwalimu wao wa kura. Huwachorea taa kwa chaki kwenye sakafu ya duka langu mpaka kila mmoja aitambue hata bila miwani.

Kaka amemalizia kwa maneno yake yale yale. Kila uchaguzi, siku mbili kabla ya kura, magari ya chama tawala, ambacho sisi hukiita Kikongwe, hupita mitaani na vipaza sauti yakitangaza kwamba mgombea wa Taa amejitoa. Mara ya kwanza watu waliamini, wakabaki nyumbani, tukaaibika. Ndipo Kaka akaanza kuwachanja.

"Mkisikia nimejitoa?" anauliza.

"Uongo," wanajibu.

"Mkisikia redioni?"

"Uongo."

"Mkisikia kwa mdomo wangu mwenyewe?"

"Uongo."

"Maana yake nini?"

"Umelazimishwa, au unawachezea Kikongwe akili."

"Basi mnafanya nini?"

"Tunaweka kwenye taa."

Sauti ya Mama ndiyo huanza, na wengine humfuata. Hata watoto wa mtaa huu hucheza mchezo huo. Nimecheka na mimi, maana unachekesha, na unafanya kazi. Tangu chanjo hiyo kura za Kaka zimekuwa zikipanda kila mara.

Ijumaa, 14 Machi

Habari kubwa. Vyama vitatu vya upinzani vimeungana: Taa yetu, Jembe la wakulima na madaktari, na Kalamu ya walimu. Muungano unaitwa Mkono Mmoja. Mara iliyopita kura zao zikijumlishwa zilikuwa nyingi kuliko za Kikongwe, na bado Kikongwe ndiye aliyetawala, kwa sababu kila mmoja alivutia kwake. Sasa wamekubaliana: matibabu ya bure kwa wazee, mishahara ya walimu, haki ya kugoma, na kila jimbo litakuwa na mgombea mmoja tu.

Kaka amesoma tangazo hilo kwa sauti, kisha akalisoma tena. Haki ya kugoma ndiyo iliyomtoa machozi.

"Na hapa kwetu atasimama nani?" Wifi kauliza, akimenya viazi.

Kaka amekunja gazeti na kusema mvua imezidi, aende akaangalie mtaro.

Alhamisi, 20 Machi

Leo nimewaona wanaume wazima wakigombana juu ya pindo. Wajumbe wa vyama vitatu wamekuja kukubaliana bendera. Nikaweka vitambaa mezani: manjano ya Taa, kijani cha Jembe, bluu ya Kalamu. Nikauliza kipi kiwe juu. Wakajibu wote kwa pamoja.

Nikasema basi tusimamishe wima, asiwepo wa juu. Wakauliza nani atakaa karibu na mlingoti, kwa sababu wa mwisho ndiye huchanika na upepo. Chai imepoa mezani. Mwishowe nikawaambia nitashona aina tatu, kila chama kiwe juu katika theluthi moja ya bendera, na asiyetaka akashone mwenyewe. Wakanisifu kwamba nina hekima. Sina hekima, nina wateja wanaosubiri sare za shule.

Jumapili, 23 Machi

Kaka ameitwa makao makuu ya muungano, akarudi mchana. Hakupita kwake. Alikuja dukani, akakaa kwenye kiti cha wateja, akavua viatu vilivyojaa tope.

"Jimbo wamempa Jembe," kasema. "Daktari."

Daktari wa hospitali ya serikali, aliyeongoza mgomo wa madaktari. Kahamia mji huu juzi juzi tu. Nilisimamisha mashine.

"Na wewe umesema nini?"

"Nimekubali."

Nilimvurumishia maneno ambayo siyaandiki. Nilimwambia amekula chumvi ya mikutano miaka yote hii, amepoteza kazi, amemzeesha mkewe, ili mtu mwingine aje akae kwenye kiti kilichokwisha pashwa moto. Akanisubiri nimalize.

"Mimi nikisimama naye, Kikongwe anapita katikati yetu," amesema. "Umeona mwenyewe mara nne. Unataka matibabu ya Mama au unataka jina langu?"

Maisha yangu yote nilidhani Kaka anapenda kile kiti. Leo nimemtazama akisugua tope kwenye soksi na nimeona aibu kwa kumdhania hivyo.

Kuna tatizo moja. Karatasi za kura zimeshachapwa, na muda wa kubadilisha umepita. Picha yake na taa yake vitabaki pale. Itabidi azunguke jimbo zima akiomba watu wasimpigie yeye kura. Jioni alimweleza Mama polepole, akiwa amemshika mkono. Amejitoa, ampigie Daktari, aweke alama kwenye jembe.

"Nimeelewa, mwanangu," Mama kasema, akampigapiga mkono. "Nimeelewa vizuri."

Jumamosi, 29 Machi

Mkutano wa kwanza wa Mkono Mmoja. Daktari kaja na viatu vinavyong'aa, akawa anaruka madimbwi kwa vidole, watu wakamcheka. Anasalimia kwa ncha za vidole pia. Sikumpenda.

Kaka akachukua kipaza sauti. "Ndugu zangu, nimejitoa. Mpigieni Daktari."

Kutoka mbele kabisa, nikasikia sauti ninayoijua.

"Uongo," kasema Mama.

Uwanja mzima ukalipuka kwa kicheko. Kaka akarudia, akaapa, akamshika Daktari mkono na kuuinua juu. Kadiri alivyoapa ndivyo walivyocheka na kupiga makofi. Tulipokuwa tunaondoka, seremala mzee anayekaa karibu na kisima alimshika Kaka bega, akamkonyeza. "Tumekuelewa," akasema.

Nilimwambia Mama usiku kwamba safari hii Kaka amejitoa kweli. Akasema, "Kwani mimi mtoto? Nilikuwa natania tu." Nikaridhika.

Jumanne, 1 Aprili

Mvua. Wateja watatu wamenikonyeza.

Ijumaa, 4 Aprili

Wifi kaja amekasirika. "Hata muuza mkaa kanikonyeza leo. Mwanzo nikadhani ananitaka, nikajitengeneza kilemba. Kumbe ananiambia mume wangu ni mjanja."

Tumecheka mpaka tukakohoa. Kaka hakucheka.

Jumatano, 9 Aprili

Kaka sasa anakwenda nyumba kwa nyumba, mvua ikimpiga. Anafafanua, anachora karatasi ya kura, anaonyesha jembe. Wanamkaribisha, wanamkausha, wanamsikiliza hadi mwisho. Kisha wanasema, "Tumekuelewa, Mheshimiwa," na jicho linafunga na kufunguka. Mmoja kamwambia sasa siasa imemkomaza, zamani alikuwa na papara.

"Nikiwaambia kweli kwa upole, wanasema naigiza," ananiambia. "Nikiwaambia kwa hasira, wanasema naigiza vizuri zaidi."

Mdomo uliponza kichwa, wahenga walisema. Sikumwambia hivyo. Alikuwa na homa.

Jumamosi, 12 Aprili

Daktari kaja mwenyewe kuchukua bendera. Kaangalia huku na huku, akafunga mlango wa duka.

"Dada, niambie ukweli. Kaka yako yuko nasi? Kila ninapopita nakonyezwa. Kuna wenzangu wanasema kuna mpango."

"Mpango gani?" nikamjibu. "Ameuza redio yake akaweka mafuta kwenye gari lenu. Kama huo ndio usaliti, nitafutie msaliti mwingine nimwoze binti."

Sina binti, lakini hasira haihesabu watoto. Nikamweleza habari ya chanjo, swali kwa swali, jibu kwa jibu. Aliacha kusimama, akakaa.

"Chanjo ikishaingia mwilini huwezi kuitoa," kasema taratibu.

"Basi waambie wakubwa zako waje wote watatu, wasimame jukwaa moja naye. Wazee wakiwaona viongozi wote labda wataamini."

Akasema atawaambia. Kisha, bila kuombwa, akapiga goti mbele ya Mama, akaibonyeza miguu yake kwa kidole gumba, akamuuliza anakojoa mara ngapi na analala na mito mingapi. Akamwandikia dawa. Viatu vyake havikuwa vinang'aa tena. Alipotoka Mama kasema, "Kijana mzuri. Anaigiza vizuri na yeye." Nilikuwa nakata kitambaa, neno hilo likanipita. Naliandika sasa kwa sababu limenirudia, sijui kwa nini.

Jumamosi, 19 Aprili

Viongozi hawajaja. Wako wanagombana nani atakuwa waziri wa nini. Serikali hawajaipata bado, wameshaigawana.

Ijumaa, 25 Aprili

Magari ya Kikongwe yamepita leo, kama kila uchaguzi. Nilikuwa nalisubiri tangazo la uongo wa mwaka huu. Kipaza sauti kikasema:

"Mgombea wa Taa amejitoa. Tunarudia. Mgombea wa Taa amejitoa."

Nimesimama mlangoni na mkasi mkononi. Kwa mara ya kwanza tangu nizaliwe, Kikongwe kasema kweli, na hakukosea siku ya kuisema. Watu wa mtaa walitoka vibarazani wakicheka. Seremala mzee alipiga magoti yake kwa furaha. "Si mnaona? Wenyewe hao."

Kaka alikimbia nyuma ya gari lile kwenye matope akipiga kelele, "Ni kweli, safari hii ni kweli." Watoto wakamkimbilia, wakiitikia kwa pamoja: uongo, uongo. Walimsindikiza hadi mlangoni kwake.

Jumapili, 27 Aprili

Kura. Nimempeleka Mama kwa mwavuli, polepole kwa ajili ya miguu. Katoka kwenye kibanda akitabasamu. Sikumuuliza, kura ni siri ya mtu.

Jumatatu, 28 Aprili

Tumeanguka. Daktari kakosa kidogo sana. Na Kaka, ambaye hakugombea, kura zake zingetosha kuliziba pengo lile na kubaki. Hajawahi kupata kura nyingi hivyo katika mitaa ya wazee.

Majimbo mengine ni hivyo hivyo, hapa kura chache, pale chache. Kikongwe anaunda serikali. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Wetu walilisikia, wakalishika neno kwa neno, na guu limevunjika vile vile.

Ijumaa, 2 Mei

Mkono Mmoja sasa ni vidole vinavyonyoosheana. Jembe limetangaza kwamba Taa iliwasaliti, na mfano wa kwanza waliotoa ni jimbo letu. Wamemtaja Kaka kwa jina: eti aliwaambia watu hadharani hili na sirini lile. Mtu kaandika MSALITI ukutani kwa Wifi. Amelisugua kwa brashi ya viatu mpaka rangi ya ukuta ikatoka, neno likabaki.

Mchana Kaka alikwenda redioni kujibu. Tulimsikiliza dukani, Wifi na mimi. Alianza vizuri. Baadaye mtangazaji akamuuliza, "Kuna mtu hata mmoja unayeweza kumtaja aliyekutii?" Sauti ya Kaka ikapanda.

"Mama yangu mzazi kampigia Daktari. Mama yangu. Njooni mmuulize."

Mama alikuwa chumbani amelala. Wifi na mimi tulitazamana, kila mmoja akategemea mwenzake anajua.

Jumanne, 6 Mei

Muungano umekufa rasmi, haukufikisha hata miezi miwili. Katibu wa Taa ameleta bendera zote zilizobaki. Anataka nifumue manjano yake, kijani na bluu wazifuate wenyewe. Mshono wangu ni imara, sikuushona kwa kufumuliwa. Vidole vinaniuma.

Alhamisi, 8 Mei

Mama kaja kunisaidia kufumua. Mimi nakata, yeye anavuta nyuzi. Mvua nje ilikuwa nyembamba. Kisha akasema, kama mtu anayezungumzia bei ya nyanya:

"Wenzangu wote waliweka kwenye taa. Hakuna hata mmoja aliyedanganyika. Nilikaa nao siku moja kabla, nikawachorea tena."

Wembe umenikata kidole.

"Na wewe, Mama?"

Kanitazama kwa mshangao. "Mimi nimpigie nani zaidi ya mwanangu? Alisema hata tukisikia kwa mdomo wake." Kisha akashusha sauti. "Ila sijui kwa nini hajaapishwa. Labda bado wanahesabu."

Nimetoka nje nikasimama mvuani. Nilitaka kumlilia na nilitaka kumpigia kelele, na sikujua nianze na lipi.

Ijumaa, 9 Mei

Nimemwambia Kaka. Alikuwa anafunga bawaba ya mlango wake. Ameendelea kuikaza skrubu ambayo ilishakazwa.

Mwandishi wa redio anakuja Jumapili kumhoji Mama. Wifi kasema jambo ambalo na mimi nilikuwa nalifikiria. "Tumfundishe Mama aseme Daktari. Neno moja tu, jina lako lisafike. Nani atajua?"

"Nilimfundisha mara moja," Kaka kasema. "Inatosha."

Lakini hakusema atafanya nini. Wifi kaenda kulala na hasira, nami usingizi hauji. Kazi hana, kiti hana, lililobaki ni jina, na jina hilo sasa liko mdomoni mwa mama mzee anayependa kusema kweli.

Jumapili, 11 Mei

Mwandishi ni binti mpole. Kaja na kinasa sauti kidogo, akakiweka mezani juu ya vipande vya bendera. Daktari naye kaja. Alisema amekuja kuangalia miguu ya Mama, na kweli aliiangalia kwanza. Halafu akakaa pembeni, mikono magotini. Wifi kasimama mlangoni, Kaka dirishani.

"Mama," binti kasema, "mwanao anasema ulimpigia kura Daktari. Ni kweli?"

Mama akamtazama Kaka, akakitazama kinasa sauti, akamtazama Daktari. Akakaa sawasawa kwenye kiti.

"Ni kweli kabisa," akasema kwa sauti kubwa, iliyonyooka. "Mwanangu alijitoa. Nilimpigia Daktari."

Kisha akamkonyeza binti yule.

Nikaelewa. Hakuna aliyemfundisha. Alidhani mchezo bado unaendelea, na yeye ni mtu wa chama. Wifi kashusha pumzi ndefu. Redio haina macho. Jicho lile lisingesikika kwa mtu yeyote, na jioni mji mzima ungesikia mama mzee akimsafisha mwanawe. Binti akanyoosha mkono kuzima.

"Usizime," Kaka kasema.

Kaja akachuchumaa mbele ya Mama. "Mama, mchezo umekwisha. Waambie."

"Niwaambie?"

"Waambie kweli."

Uso wake ukachanua. "Basi nilimpigia mwanangu," akaiambia mashine ile. "Mimi na wenzangu wote. Kama alivyotufundisha."

Kaka akaendelea mwenyewe, bado amechuchumaa. Alisema wazee hawa hawakumsaliti mtu. Alisema ni yeye aliyewafundisha wasimwamini hata yeye, akawafundisha vizuri mno, na kosa ni lake, si la Daktari, si la Jembe. Alisema alijitoa kweli, na asiyetaka kumwamini hamlaumu. Wifi alianza kulia pale mlangoni. Nilimwangalia Kaka, kaka yangu mwenye papara, aliyekuwa amekitupa sasa hivi kitu cha mwisho alichokuwa nacho, na nilimpenda kuliko siku zote. Naandika hivyo hivyo kwa sababu usoni kwake sitaweza kusema.

Daktari hakusema lolote la siasa. Alimshika Kaka bega alipokuwa akitoka, akakumbusha dawa ya Mama asubuhi na jioni, chumvi apunguze.

Kitambaa cha kijani kilikuwa mapajani mwa Mama, nusu kimefumuliwa.

"Kwa hiyo ulijitoa kweli?" akauliza.

"Kweli, Mama."

"Mbona hukuniambia?"

"Nilikuambia."

Akafikiri. Nilimwona akirudi nyuma, mkutano kwa mkutano, mpaka jioni ile Kaka alipomshika mkono. Midomo ikamcheza. Akauweka mkono wake kichwani kwa Kaka, akauacha pale.

"Na wenzangu wa mtaani," akasema. "Nikawaambie nini?"

"Waambie nilikuwa nasema kweli."

Mama akatikisa kichwa polepole.

"Hawataniamini, mwanangu."